Rangi na Pumzi: Kumbukumbu za Weimar

Kati ya mwaka 1919 na 1923, katika mji wa Weimar nchini Ujerumani, vijana walifundishwa falsafa ya rangi iliyoungwaungwa kutoka kila pembe: sehemu ilitoka kwa wachoraji, sehemu kwa dini mpya iliyobuniwa Marekani, sehemu kwa mwalimu wa kuimba. Falsafa hiyo ilishika kwamba rangi si vazi la vitu tu. Kila rangi ina tabia yake, sauti yake na makao yake katika mwili wa mtu. Na mtu akitulia, akafumba macho na kuvuta pumzi kwa utaratibu, ataikuta rangi ndani yake kabla hajaipaka kwenye karatasi. Waliopitia mafunzo hayo waliacha barua, shajara na vitabu vya kumbukumbu, na maandishi yao hayapatani. Wapo wanaosimulia jinsi walivyofunguliwa macho kwa maisha yao yote. Wapo wanaokumbuka njaa na harufu ya kitunguu saumu. Anayetaka kujua falsafa hiyo ilifaa nini na iliharibu nini hana budi kuwasikiliza wote.

Shule yenyewe iliitwa Bauhaus, na msanifu majengo Walter Gropius aliifungua Aprili 1919, miezi mitano tu baada ya Vita Kuu ya Kwanza kumalizika. Wanafunzi kadhaa walikuwa wametoka vitani moja kwa moja. Chakula kilikuwa haba, fedha ikizidi kupoteza thamani, na mambo ambayo wazee wao waliyaamini yalikuwa yamezikwa kwenye mahandaki pamoja na wenzao. Katika hali kama hiyo mtu anayekuja na neno la uhakika hupata wafuasi upesi. Mtu huyo alikuwa Johannes Itten.

Itten alizaliwa Uswisi mwaka 1888 na alisomea ualimu wa shule ya msingi kabla ya kuwa mchoraji. Jambo hilo lina uzito kuliko linavyoonekana, kwa kuwa kila alichokibuni baadaye alikipima darasani, mbele ya watu wanaochoka, wanaosinzia na wanaoogopa. Mwaka 1913 alikwenda Stuttgart kujifunza kwa Adolf Hölzel, mchoraji aliyekuwa akichambua rangi kwa ukinzani wake: nuru na giza, joto na baridi, ukali na upole. Kuanzia 1916 aliendesha shule yake binafsi Vienna. Huko ndiko Alma Mahler, aliyekuwa mke wa Gropius wakati huo, alikomfahamu na kumkutanisha na mumewe. Itten alipohamia Weimar, wanafunzi wake kadhaa wa Vienna walifunga mizigo wakamfuata.

Alipewa kozi ya awali, ambayo kila mwanafunzi mpya alilazimika kuipitia kwa nusu mwaka kabla ya kukubaliwa katika karakana yoyote. Somo lilianza kwa mwili. Wanafunzi walisimama, wakalegeza mabega, wakavuta pumzi polepole na kuitoa kwa sauti. Kisha walichora miduara mikubwa kwa mikono miwili kwa wakati mmoja, mpaka mkono wa kushoto ukaacha kuuonea haya wa kulia. Baada ya hapo ndipo kazi ilianza: kupapasa gome, manyoya, waya na kioo huku macho yamefumbwa; kuokota takataka kwenye majalala na kuzipanga kwa kufuata mguso wake; kupaka kivuli hatua kwa hatua kutoka cheupe hadi cheusi. Itten alishikilia kwamba mkono uliobanwa hauchori mstari ulio huru. Hapo alikuwa sahihi, na yeyote aliyewahi kufundisha hati au kushona anaijua kweli hiyo bila kuhitaji falsafa.

Ukali wa njia yake unaonekana katika kisa kimoja kilichosimuliwa na mchoraji Oskar Schlemmer, mwalimu mwenzake, katika barua ya mwaka 1921. Itten aliwaonyesha wanafunzi picha ya Maria Magdalena anayelia, kutoka altare ya Isenheim iliyochorwa na Grünewald, akawataka watoe kiini chake kwa mkaa. Vijana wakainama, wakahangaika na mistari. Mwalimu akawatazama kwa muda, kisha akawaka: mtu mwenye hisia za msanii, mbele ya kilio kama kile, asingekaa akichora, angetokwa na machozi. Akasema hayo akatoka. Schlemmer alisimulia kisa hicho kama mtu asiyejua amheshimu Itten au amwogope. Msomaji wa leo naye anabaki hapohapo.

Katika rangi Itten alijenga mfumo kamili. Mwaka 1921, katika kitabu cha makala kilichochapishwa Weimar, alitoa mchoro wa nyota yenye ncha kumi na mbili. Rangi tatu za msingi, yaani manjano, nyekundu na buluu, zinazaa tatu nyingine, na katikati ya kila jozi inaingia moja zaidi, hata likatimia duara la rangi kumi na mbili. Kila rangi inapita ngazi saba za mwanga: kitovu cha nyota ni cheupe na ncha zake ni nyeusi. Chanzo chake ni tufe la rangi ambalo mchoraji Mjerumani Philipp Otto Runge alilitoa mwaka 1810, mwaka uleule Goethe alipochapisha kitabu chake kikubwa juu ya rangi. Hata kabla ya hao, Isaac Newton aliugawa upinde wa mvua katika sehemu saba mwaka 1704, na idadi hiyo aliilinganisha na noti saba za muziki. Upinde wenyewe hauna mipaka, rangi zinayeyukiana. Kwa hiyo hata mwanasayansi mkuu aliingiza muziki kimyakimya katika hesabu yake, na Itten hakuwa wa kwanza kuitaka rangi iimbe.

Sehemu inayohitaji maelezo ya kina ni dini iliyoingia pamoja na rangi hizo. Iliitwa Mazdaznan. Ilianzishwa Marekani mwishoni mwa karne ya 19 na mtu aliyejiita Otoman Zar-Adusht Ha'nish, aliyejitambulisha kuwa mzaliwa wa Uajemi na kudai kwamba alileta hekima ya kale ya Zoroasta. Watafiti wengi wanamhesabu kuwa Mjerumani aliyehamia Marekani. Mafundisho yake yalihusu pumzi, mlo na usafi wa matumbo, na watu wengi wa Ulaya waliyapokea kwa shauku. Itten na mwenzake Georg Muche waliyaleta Bauhaus kwa moyo wote. Itten alinyoa kichwa, akavaa joho alilolibuni mwenyewe, na baadhi ya wanafunzi wakamfuata kwa kunyoa na kwa mavazi.

Mholanzi Paul Citroen, aliyekuwa mwanafunzi wakati huo, ameacha kumbukumbu zinazosomeka kama ushahidi wa mtu aliyependa na kuumia. Anaeleza mifungo, dawa za kuharisha na mlo usio na nyama. Anaeleza pia kifaa kidogo chenye sindano walichojichomea ngozi, kisha wakapaka mafuta ili sumu za mwili zitoke kwa njia ya usaha. Jiko la shule lilianza kupika kwa kanuni za Mazdaznan, na kitunguu saumu kikatiwa kwa wingi. Miaka mingi baadaye Alma Mahler aliandika kwamba harufu hiyo ndiyo aliyoikumbuka zaidi kuhusu Bauhaus. Yapo mambo mawili ya kutenganisha hapa. Kwa kijana asiye na chakula, kufunga kwa pamoja kuliigeuza njaa kuwa ibada, na njaa yenye maana huvumilika kuliko njaa tupu. Lakini mlo ulipokuwa kipimo cha nani yumo na nani hayumo, shule iligawanyika kambi mbili, na waliokula vingine walianza kujiona wageni mahali walipokuja kusoma ufinyanzi na useremala.

Mazdaznan ilikuwa na jambo jingine ambalo vitabu vya sanaa huliruka. Ilizipanga jamii za watu kwa ngazi, ikawaweka weupe juu. Itten hakulikwepa fundisho hilo. Katika miaka hiyohiyo alitoa chapa moja aliyoiita nyumba ya mtu mweupe. Inauma kusoma kwamba mtu aliyewafundisha vijana kuona tofauti ndogo kabisa kati ya kijivu na kijivu alikubali hesabu butu kiasi hicho ilipofika zamu ya ngozi za binadamu. Falsafa iliyotangaza kwamba kila rangi ina heshima yake katika duara iliwanyima watu kile ilichoipa rangi. Hilo halifuti mazoezi yake ya kupaka kivuli. Ila yeyote anayeisimulia habari ya Itten bila kulitaja anaisimulia nusu.

Pembeni ya Itten alifanya kazi Gertrud Grunow, aliyezaliwa Berlin mwaka 1870, mwalimu wa kuimba. Alifundisha Bauhaus hadi mwaka 1924, na jina lake halijulikani sana, ingawa ndiye aliyeifikisha taamuli ya rangi mbali kuliko wote. Somo lake aliliita mafunzo ya kulinganisha. Aliamini kwamba rangi kumi na mbili na noti kumi na mbili za muziki zinalingana moja kwa moja, na kwamba kila jozi ina mahali pake mwilini inapouweka mwili sawa.

Chumba chake kilikuwa na piano na nafasi tupu. Mwanafunzi alisimama katikati, akafumba macho, akanyamaza kwa kitambo. Mwalimu akamwambia awazie mpira wa rangi fulani mbele yake, kisha aunyooshee mikono na kuugusa kama upo kweli. Au noti moja ilipigwa kwenye piano, na mwanafunzi akaiacha iingie. Baada ya muda, karibu kila mtu alianza kusogea bila kuamriwa: mmoja aliinama, mwingine alifungua mikono, mwingine alizunguka polepole kwa kisigino. Aliyepewa buluu hakusogea kama aliyepewa nyekundu. Grunow alitazama, akasahihisha, na kutoka hapo alitoa maoni juu ya kila mwanafunzi: nani yuko sawa, nani amepinda, karakana gani inamfaa. Maoni yake yalisikilizwa na baraza la walimu.

Hapo ndipo pa kusita. Mtu aliyefumba macho katika chumba kimya, mbele ya mwalimu anayemheshimu na anayesubiri kitu kitokee, atasogea. Hilo halithibitishi kwamba buluu inakaa mahali fulani mwilini. Linathibitisha kwamba mwili uko tayari kujibu ukipewa nafasi na muda, na wanafunzi wa ufumaji na wa jukwaa walifaidika nalo. Kilichopaswa kuogopwa ni hukumu iliyotolewa juu ya kijana kwa sababu ya namna alivyouwazia mpira wa manjano.

Mwaka 1922 alifika Wassily Kandinsky, Mrusi, akiwa na falsafa ya rangi aliyokwisha kuichapisha miaka kumi na mmoja kabla. Kwake manjano ni tarumbeta, buluu inashuka kutoka filimbi hadi kinanda cha kanisani kadiri inavyokolea, na kijani ni sauti za katikati za fidla, tulivu, zisizotaka kwenda popote. Katika kitabu chake cha kumbukumbu cha mwaka 1913 alieleza chanzo cha yote: rangi za kwanza alizozikumbuka akiwa mtoto wa miaka mitatu zilikuwa kijani kibichi chenye utomvu, nyeupe, nyekundu iliyokolea, nyeusi na manjano ya udongo. Vitu vyenyewe vilikuwa vimefifia akilini, rangi zilibaki. Kumbukumbu hiyo ni ya kweli na ni nzuri. Tatizo linaanza pale kumbukumbu ya mtoto mmoja wa Moscow inapofanywa kuwa sheria ya macho ya watu wote.

Kandinsky alijaribu kuithibitisha sheria hiyo. Mwaka 1923 iligawiwa karatasi yenye pembetatu, mraba na duara, na kila mtu aliombwa azipake manjano, nyekundu na buluu, rangi moja kwa umbo moja, kisha aeleze sababu. Wengi walijibu kama yeye alivyoamini: pembetatu ya manjano, mraba mwekundu, duara la buluu. Ila wengi wao walikuwa watu wa shule ileile, waliokwisha kulisikia jibu kabla ya swali. Schlemmer alipinga. Kwake duara ni jekundu, kwa sababu ndivyo lilivyo duniani: jua linapotua, tufaha, uso wa mvinyo katika bilauri. Alichokifanya ni chepesi na kina nguvu; aliziacha nadharia akatazama mezani kwake.

Mzungumzaji wa Kiswahili ana sababu ya kumwelewa. Lugha hii ina majina matatu tu ya rangi yanayobeba viambishi vya ngeli kama sifa nyingine: -eusi, -eupe na -ekundu. Nyingine nyingi zinataja kitu kinachoshikika au kuonekana. Kijani ni majani, manjano ni bizari, zambarau ni tunda, kahawia ni kahawa, kijivu ni jivu, samawati ni mbingu. Mtu aliyelelewa katika majina hayo haendi kuitafuta rangi ndani ya kifua kwanza. Anaikuta sokoni, jikoni na shambani. Wala hilo halimpunguzii hisia.

Katika mafundisho ya Weimar, sehemu iliyosimama imara ni ile inayohusu jicho lenyewe, na ushahidi wake ulikuwapo kabla ya Itten. Mkemia Mfaransa Michel Eugène Chevreul, aliyesimamia upakaji rangi wa nyuzi katika kiwanda cha mazulia ya ukutani cha Gobelins mjini Paris, alipokea malalamiko kwamba nyuzi nyeusi zinaonekana zimepauka. Alizichunguza akazikuta hazina kasoro. Kasoro ilitokana na rangi iliyofumwa kando yake. Mwaka 1839 alichapisha maelezo yake: rangi mbili zikikaa pamoja, kila moja inaisukuma nyingine upande wa pili wa duara.

Zoezi la Itten la jambo hili halihitaji joho wala mfungo. Mraba mdogo wa kijivu huwekwa katikati ya karatasi nyekundu, na mtu hukaa kimya akiutazama bila kuhamisha macho. Mwanzoni kijivu ni kijivu. Baada ya muda kinaanza kuvuta kijani, kidogo, kama ukungu juu ya bwawa. Mraba huohuo ukihamishiwa kwenye karatasi ya kijani, unapata wekundu. Anayetazama wekundu mtupu kwa nusu dakika kisha akageukia ukuta mweupe ataona kijani kinaelea hewani, kwa sababu seli za jicho zinazopokea nyekundu zimechoka na nyingine zinatangulia. Utulivu una kazi hapa, na kazi hiyo haina fumbo: mtu mwenye haraka haoni chochote, kwa kuwa macho yake yameshahama kabla jambo halijatokea. Kuvuta pumzi kabla ya somo kulimpa mwanafunzi subira ya kukaa na mraba wa kijivu.

Duara lenyewe halikusimama vizuri kiasi hicho. Nyekundu na buluu za kawaida zikichanganywa mara nyingi hutoa zambarau iliyochafuka, inayokaribia udongo, na kila mwanafunzi aliyewahi kulipaka duara la Itten anaikumbuka aibu ya kipande hicho. Wapiga chapa hawalitumii. Wao huanza na sayani, majenta na manjano, wakaongeza nyeusi. Rangi tatu za msingi za Itten zilikuwa imani ya wachoraji iliyorithiwa, zikapewa cheo cha sheria ya ulimwengu.

Mgogoro uliomwondoa Weimar haukuwa wa rangi. Gropius alitaka karakana zipokee kazi za watu wa nje na kuuza vitu; Itten alitaka kwanza mtu wa ndani ajengwe. Aliondoka mwaka 1923, na mwaka huohuo shule ikatangaza umoja mpya wa sanaa na teknolojia. Kati ya waliopitia kozi yake alikuwa Josef Albers, mwana wa fundi, ambaye baadaye aliifundisha kozi hiyo yeye mwenyewe na kuyapeleka mazoezi ya rangi Marekani. Katika kitabu chake cha mwaka 1963 hakuna noti, hakuna pumzi, hakuna makao ya buluu mwilini. Kuna karatasi za rangi zilizokatwa kwa mkasi, na mwanafunzi anayeambiwa aifanye rangi moja ionekane kama mbili.

Itten aliishi hadi 1967. Aliongoza shule ya sanaa za ufundi Zürich kwa miaka 16, na katika mji huo akawa mkurugenzi wa kwanza wa makumbusho ya Rietberg, yaliyofunguliwa 1952 kwa ajili ya sanaa za Asia, Afrika na kwingine nje ya Ulaya. Mtu aliyewahi kuzipanga jamii kwa ngazi alizimaliza siku zake za kazi akipanga mahali pa kuonyesha vinyago vya Afrika, vyenye mwanga wake na nafasi yake.

Kitabu chake kikubwa kuhusu rangi kilitoka mwaka 1961, na ndani yake, katikati ya michoro na vipimo, amesimulia kumbukumbu moja ya mwaka 1928. Siku hiyo aliwasomea wanafunzi rangi zinazopatana kwa mujibu wa duara lake, nao wazipake. Baada ya muda aliona kutotulia darasani, akauliza kulikoni. Wakamjibu kwamba rangi alizowapa hazipatani hata kidogo. Itten hakubishana. Akawaambia kila mmoja apake zile anazoziona yeye kuwa zinapatana, kisha akawaacha wafanye kazi.

Saa moja baadaye karatasi zilitandazwa sakafuni. Hapakuwa na mbili zilizofanana. Mmoja alikaa katika kijivu na zambarau zilizopoa, mwingine alijaza manjano na machungwa. Wote walishangaa jinsi wenzao walivyoona. Itten aliinua karatasi moja, akaenda nayo kwa mwanafunzi mmoja, akamuuliza kama ni yake. Ilikuwa yake. Akainua ya pili akaenda nayo kwa mwingine, kisha ya tatu, na kila mara alimfikia mwenyewe.